Jina Lililotoka Redioni: Historia ya Muziki na Burudani ya Eldoret

Ni jamii chache barani Afrika ambazo jina lao lilienezwa na redio kabla ya kuandikwa katika vitabu vya serikali. Wakalenjin, ambao ndio wengi katika nyanda za juu za Uasin Gishu na maeneo yanayouzunguka mji wa Eldoret, ni miongoni mwa jamii hizo, na kwa sababu hiyo historia ya burudani yao haiwezi kutenganishwa na historia ya vyombo vilivyoibeba: gramafoni, redio, santuri, kanda, masafa ya FM na hatimaye simu ya mkononi. Kila chombo kilipoingia kiliamua upya ni sauti ya nani ingesikika mbali, ni lugha gani ingepewa nafasi, na ni mfuko wa nani ungejaa.

Shamba nambari 64

Eldoret ilizaliwa kutokana na kunyang'anywa ardhi. Upinzani wa Wanandi dhidi ya Waingereza, uliodumu kwa takriban miaka kumi, ulivunjwa mwaka 1905 pale Orkoiyot Koitalel arap Samoei, kiongozi wao wa kiroho na wa kivita, alipouawa na afisa wa Kiingereza Richard Meinertzhagen katika mkutano ulioitishwa kwa jina la amani. Miaka mitatu baadaye, mwaka 1908, msafara wa Makaburu ulioongozwa na Jansen van Rensburg ulishuka melini Mombasa, ukapanda treni hadi Nakuru, kisha ukapandisha uwanda wa juu kwa magari ya kukokotwa na ng'ombe. Posta ilifunguliwa mwaka 1910 katika shamba lililosajiliwa kwa nambari 64, na mwaka 1912 mahali hapo pakapewa jina la Eldoret, linalotokana na neno la Kimaasai lenye maana ya mto wa mawe, kwa ajili ya Mto Sosiani unaopita kwenye miamba. Hata hivyo nambari ya shamba haikusahaulika, kwani wakazi waliendelea kuuita mji huo Sisibo, ambalo ni tamko la Kiingereza la 64 lilivyogeuzwa na ndimi za wenyeji. Kwa hiyo hata jina la mtaani la mji huu ni neno lililopokewa kwa sikio.

Reli ilifika mwaka 1924. Pamoja na mbegu, majembe na mafuta ya taa, reli na barabara za nyanda za juu zilileta bidhaa mpya, gramafoni, yaani mashine ya kuchezea santuri kwa kuzungusha mkono. Iliingia katika nyumba za masetla, katika vituo vya wamisionari na katika maduka ya Wahindi, na vijana Waafrika waliofanya kazi mahali humo walikuwa miongoni mwa wasikilizaji wake wa kwanza, ingawa santuri hizo hazikukusudiwa wao.

Vita, redio na neno "Kalenjin"

Vita vya Pili vya Dunia ndivyo vilivyoifanya redio kuwa chombo cha Waafrika wa Kenya. Maelfu ya vijana walikuwa wameandikishwa jeshini na kupelekwa Uhabeshi na Burma, na serikali ya kikoloni ikaona haja ya kuzitangazia familia zao habari za vita kwa lugha zinazoeleweka nyumbani. Miongoni mwa watangazaji wa wakati huo alikuwa John arap Chemallan, ambaye, kama wanahistoria wanavyosimulia, alikuwa na mazoea ya kuwavuta wasikilizaji wake kwa neno lenye maana ya "nawaambieni". Neno hilo lilieleweka kwa Wanandi, Wakipsigis, Wakeiyo, Watugen na Wamarakwet bila kujali tofauti za lahaja zao, na mazoea ya mtangazaji mmoja yakazionyesha jamii zilizokuwa zikitajwa kila moja kivyake kwamba zinaweza kusikilizana.

Wanafunzi 14 kutoka jamii hizo waliokuwa wakisoma katika Shule ya Upili ya Alliance walilichukua neno hilo na kuunda chama chao kwa jina la Kalenjin. Hatua iliyofuata ilichukuliwa Eldoret kwenyewe, ambako Umoja wa Kalenjin uliundwa mwaka 1948, na katika miaka ya 1950 likachapishwa jarida la kila mwezi lenye jina hilohilo. Ni kweli kwamba utawala wa kikoloni ulikuwa na sababu zake za kulikubali jina hilo, hasa wakati wa vita vya Mau Mau, lakini lisingeshika mizizi kama watu wasingekuwa tayari wameanza kujisikia wasikilizaji wa matangazo mamoja. Umoja wa kisiasa ulijengwa juu ya umoja wa masikio, na jambo hilo linaeleza kwa nini, miongo mingi baadaye, redio ya lugha ya mama ingekuwa na uzito wa kipekee katika eneo hili.

Chemirocha, 1950

Wakati jina jipya likienea, muziki ulikuwa ukipokea mgeni wa aina nyingine. Mwaka 1950 Hugh Tracey, mtafiti wa muziki aliyeishi Afrika Kusini na aliyezunguka nusu ya kusini ya bara akirekodi nyimbo za wenyeji, alifika katika nchi ya Wakipsigis, kusini mwa Eldoret. Huko Kapkatet alimrekodi Chemutoi Ketienya pamoja na kundi la wasichana, wakiimba kwa kufuatana na chepkong'o, kinubi cha nyuzi ambacho Wakalenjin wamekitumia tangu zamani katika nyimbo za masimulizi na za mapenzi. Wimbo wao ulimhusu kiumbe aitwaye Chemirocha. Tracey alikuja kutambua kwamba Chemirocha alikuwa Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Mississippi aliyezaliwa mwaka 1897, akaanza kurekodi mwaka 1927 na kufariki kwa kifua kikuu mwaka 1933, ambaye santuri zake ziliweka msingi wa muziki wa mashambani wa Marekani, ule ambao Wakenya huuita kantri.

Kisa hiki kimesimuliwa mara nyingi nje ya Afrika kama kichekesho cha watu wa kijijini waliomdhania mwanamuziki wa Kimarekani kuwa nusu mtu na nusu swala. Masimulizi ya namna hiyo hayawatendei haki wasichana wa Kapkatet. Walichofanya ndicho kilichofanywa na kila fundi wa nyimbo aliyekutana na sauti ngeni: waliisikiliza, wakapenda jinsi mwimbaji alivyoirusha sauti yake kutoka kifuani hadi kooni, wakalipa jina lake mwanzo wa "Che-" unaosikika katika majina mengi ya Kikalenjin, kisha wakamtia katika ulimwengu wa ngano zao, ambamo viumbe wenye maumbo mawili si jambo la ajabu. Jina la Jimmie Rodgers likawa neno la Kikipsigis, na mlio wa gitaa ukaingia ndani ya kinubi. Mapenzi ya muziki wa kantri, ambayo hadi leo ni makubwa katika Bonde la Ufa kuliko mgeni anavyoweza kutarajia, yana historia ndefu kuliko redio za kisasa zinazoyadumisha.

Rekodi hizo zilichukuliwa zikaenda Afrika Kusini, ambako Tracey alianzisha mwaka 1954 Maktaba ya Kimataifa ya Muziki wa Afrika. Waimbaji walibaki nyumbani na ngoma zao, huku sauti zao zikisambazwa kwa wasomi na wapenzi wa muziki ughaibuni. Ilipita miaka 65 kabla wataalamu wa maktaba hiyo, wakishirikiana na shirika la Ketebul Music la Nairobi, kurejea mwaka 2015 na nakala za rekodi na kuwatafuta wazee waliokuwa vijana siku ile, pamoja na watoto wa wale waliokwisha kufariki. Kati ya mambo yote yanayosimuliwa katika historia hii, hilo la kusubiri miaka 65 ndilo linalostahili kukumbukwa zaidi, maana linaonyesha jinsi wimbo ulivyoweza kusafiri dunia nzima bila mwenye wimbo kupata hata nakala yake.

Santuri, kanda na gitaa

Baada ya uhuru wa mwaka 1963, muziki wa gitaa ulienea magharibi mwa Kenya kwa kasi. Mtindo wa kupiga gitaa kavu kwa vidole, uliotoka Katanga katika Kongo kupitia wapigaji kama Jean Bosco Mwenda, ulikwisha kugeuzwa na Waluhya kuwa omutibo, na jina kubwa katika mtindo huo, George Mukabi, alifariki mwaka huohuo wa uhuru. Wakalenjin waliupokea muziki huo kutoka kwa majirani zao, lakini kitovu chao cha kurekodia hakikuwa Eldoret. Kilikuwa Kericho, katika duka na studio ya familia ya Chandarana, Wahindi waliotoa santuri kwa nembo kadhaa, zikiwemo Chandarana, Sayyara na Mambo. Sababu ya Kericho kuwa hivyo ni mashamba ya chai: wafanyakazi Wakipsigis, Wajaluo, Waluhya na Wakisii waliishi katika kambi zilizopakana, kila jamii ikitaka nyimbo za kwao siku ya mshahara, na mfanyabiashara mmoja aliweza kuwahudumia wote kutoka kaunta moja.

Msanii aliyejulikana kuliko wote katika kizazi hicho ni Kipchamba arap Tapotuk, aliyeongoza bendi ya Koilong'et na ambaye nyimbo zake za gitaa zilipigwa harusini, katika vilabu na kwenye redio kwa miongo kadhaa hadi kifo chake mwaka 2007. Katika kazi yake gitaa linaongoza na sauti inasimulia, kama vile mwenye kinubi alivyokuwa akisimulia, na kwa hiyo wazee waliweza kuupokea muziki huo mpya bila kuhisi kwamba wanasaliti wa zamani.

Eldoret nayo ilikuwa inageuka. Kiwanda cha nguo cha Rivatex kilianzishwa katikati ya miaka ya 1970, Chuo Kikuu cha Moi kikafunguliwa mwaka 1984, na mji uliokuwa soko la ngano na maziwa ya masetla ukawa mji wa wafanyakazi wa viwandani na wanafunzi kutoka kila pembe ya nchi. Muziki uliosikika katika baa na kumbi zake haukuwa wa Kikalenjin pekee, bali pia lingala kutoka Kongo, benga la Wajaluo na nyimbo za Kiswahili za bendi za Nairobi. Redio ya taifa, Sauti ya Kenya, ambayo mwaka 1989 iligeuzwa kuwa Shirika la Utangazaji la Kenya, ilizigawia lugha za wenyeji saa chache tu za matangazo, hivyo wimbo wa Kikalenjin ulilazimika kusubiri zamu yake. Kanda za kaseti, zilizoisukuma nje santuri kufikia mwisho wa miaka ya 1980, ziliupunguza utegemezi huo kwa kuwa ziliweza kuchezwa ndani ya matatu, lakini zilileta pia balaa la uharamia, maana aliyemiliki redio yenye nafasi mbili za kanda alikuwa tayari na kiwanda kidogo cha kunakili jasho la mwenzake.

Masafa yafunguliwa, 1998 hadi 2007

Badiliko kubwa zaidi tangu Vita vya Pili vya Dunia lilikuja na Sheria ya Mawasiliano ya mwaka 1998, iliyokamilisha kuvunjwa kwa ukiritimba wa serikali katika utangazaji. Kameme FM ilianza kutangaza kwa Kikuyu mwaka 2000, ikathibitisha kwamba lugha ya mama inaweza kuvuta matangazo ya biashara, na wawekezaji wengine wakafuata. Kass FM, iliyoanzishwa mwaka 2005 chini ya mfanyabiashara Joshua Chepkwony, ikawa stesheni ya kibinafsi ya Kikalenjin yenye sauti kubwa kuliko zote, huku kampuni ya Royal Media ikiwa na Chamgei FM, iliyopewa jina kutokana na salamu ya Kikalenjin. Studio za Kass zilikuwa Nairobi, lakini soko lake kuu lilikuwa Eldoret na viunga vyake. Kwa kuwa vijana wengi wa eneo hili walikwisha kwenda Marekani kwa ufadhili wa riadha tangu enzi za Henry Rono, ambaye mwaka 1978 alivunja rekodi nne za dunia akiwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Washington, stesheni hiyo ilipoanza kutangaza pia kupitia intaneti iliwakuta wasikilizaji waliokuwa na kiu ya lugha yao.

Kwa wanamuziki, miaka hiyo ilikuwa ya neema. Redio iliyotangaza mchana kutwa kwa Kikalenjin ilihitaji nyimbo za Kikalenjin, na wasanii kama Sweetstar, Junior Kotestes na Msupa S walipata umaarufu ambao watangulizi wao hawakuuota, kwa muziki ulioacha gitaa kavu na kushika kinanda cha umeme na ngoma za kompyuta. Upande wa injili, ambako kwaya za makanisa, hasa Africa Inland Church, zilikuwa shule ya muziki kwa vizazi vizima, alitokea Emmy Kosgei, ambaye wimbo wake "Taunet Nelel", yaani mwanzo mpya, uliimbwa na Wakenya wasiojua hata neno moja la Kikalenjin.

Redio katika lawama, 2007 hadi 2016

Nguvu hiyohiyo ilikuwa na upande wa kutisha. Matokeo ya uchaguzi wa urais yalipotangazwa tarehe 30 Desemba 2007, ghasia zililipuka, na siku hiyohiyo serikali ikapiga marufuku matangazo ya moja kwa moja. Tarehe 1 Januari 2008 kanisa la Kiambaa, nje kidogo ya Eldoret, lilichomwa moto likiwa na watu waliokimbilia humo, wengi wao wanawake na watoto. Tume iliyoongozwa na Jaji Philip Waki ilihesabu vifo 1,133 nchini kote, na katika ripoti yake ikazinyooshea kidole redio za lugha za mama, Kass FM ikiwemo, kwa mchango wao katika kuchochea chuki. Kupitia matangazo hayo, nyimbo na mafumbo ambayo jamii ilikuwa imeyazoea kama burudani yalianza kusikilizwa upya, na majirani kwa hofu, na wachunguzi kwa daftari mkononi.

Joshua arap Sang, mtangazaji wa kipindi cha asubuhi cha Kass FM, alifikishwa mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai huko The Hague. Mashtaka dhidi yake yalithibitishwa Januari 2012, kesi ikaanza Septemba 2013, na tarehe 5 Aprili 2016 majaji wakaisitisha kwa kuona kwamba ushahidi wa upande wa mashtaka haukutosha, bila kutoa hukumu ya kuachiliwa huru kwa maana kamili ya sheria. Kwa muda wa miaka hiyo, mahakama iliyoko Ulaya ilijadili maana ya maneno ya Kikalenjin yaliyosemwa redioni, tafsiri zake na mafumbo yake. Lugha iliyounganishwa na mtangazaji wa miaka ya vita ilikuwa sasa inachunguzwa kwa sababu ya mtangazaji mwingine, na hakuna mtu wa Eldoret, awe mwathiriwa au mshtakiwa, aliyebaki na shaka kwamba redio ni kitu kizito. Nchini Kenya, sheria ya mshikamano na utangamano wa kitaifa iliyopitishwa mwaka 2008 ilifanya matamshi ya chuki kuwa kosa la jinai, na vyumba vya utangazaji vikajifunza tahadhari ambayo havikuwa nayo hapo awali.

Simu mkononi, 2009 hadi 2024

Wakati kesi hiyo ikiendelea, chombo kingine kilikuwa kinachukua nafasi ya redio polepole. Nyaya za mawasiliano za chini ya bahari zilifika Mombasa mwaka 2009, bei ya intaneti ikashuka, na mwaka huohuo kampuni ya Safaricom ikaanzisha Skiza, huduma inayompa anayepiga simu wimbo wa kusikiliza badala ya mlio wa kawaida, huku mwenye simu akikatwa pesa kwa ajili ya wimbo huo. Kwa msanii wa Kikalenjin ambaye kanda zake zilinakiliwa na CD zake kuuzwa bila kibali, hii ilikuwa mara ya kwanza kwa malipo madogo madogo kufika kwa njia inayoweza kuhesabika, ijapokuwa ugomvi kuhusu mgawanyo wa mapato kati ya kampuni, mawakala na wanamuziki haujawahi kutulia. Vyama vya ukusanyaji wa mirabaha, yaani malipo ya mwenye haki kila kazi yake inapotumiwa, vimelalamikiwa na wanamuziki wa Kenya kwa miaka mingi, na kilio hicho kina haki yake.

YouTube ikaja kuwa duka, televisheni na kumbukumbu kwa pamoja. Video zilizopigwa katika mashamba ya mahindi na kwenye ukingo wa bonde la Kerio ziliwafikia watazamaji wa Kikalenjin waliotawanyika kutoka Kapsabet hadi Minnesota, na nyimbo za Kipchamba, zilizokuwa zimebaki katika santuri za wakusanyaji, zikarudi masikioni mwa wajukuu wa mashabiki wake. Idadi ya wasikilizaji watarajiwa si ndogo, kwa kuwa sensa ya mwaka 2019 ilihesabu Wakalenjin takriban milioni 6.4, na wakazi wa Eldoret wenyewe 475,716. Tarehe 12 Oktoba mwaka huo, Eliud Kipchoge alipokimbia mbio za marathoni huko Vienna kwa saa 1, dakika 59 na sekunde 40, umati ulikusanyika katikati ya Eldoret mbele ya skrini kubwa na kumtazama moja kwa moja, na barabara zikajaa vifijo na nyimbo kabla hata mshindi hajavua viatu.

Kufikia miaka ya 2020, TikTok ilikuwa imewapita wote kwa kasi. Ripoti ya Taasisi ya Reuters ya mwaka 2023 iliiweka Kenya mbele ya nchi zote zilizochunguzwa kwa matumizi ya mtandao huo, kwa asilimia 54 ya waliohojiwa. Mabadiliko haya yalileta lugha nyingine katikati ya mji: Sheng, mchanganyiko wa Kiswahili, Kiingereza na lugha za nyumbani uliozaliwa Nairobi. Redio ya lugha ya mama iliwagawa wasikilizaji kwa kabila, ilhali simu iliwagawa zaidi kwa umri, na kijana wa Langas au Huruma, mitaa ya Eldoret, akawa na nyimbo nyingi zaidi za pamoja na kijana wa Kayole, mtaa wa Nairobi, kuliko na baba yake mzazi. Jambo hilo lilidhihirika Juni 2024, pale vijana waliopinga Mswada wa Fedha walipojaza barabara za Eldoret, mji unaohesabiwa kuwa ngome ya rais mwenyewe, huku wimbo "Anguka Nayo" wa kundi la Wadagliz ukiwa umegeuka wimbo wa maandamano nchini kote. Wachambuzi waliozoea kuisoma siasa ya Bonde la Ufa kupitia redio za Kikalenjin hawakuuona upepo huo ukija, kwa sababu haukupita katika masafa waliyoyasikiliza.

Wiki saba baadaye, tarehe 15 Agosti 2024, Rais William Ruto aliikabidhi Eldoret hati ya kuwa jiji la tano la Kenya, baada ya Nairobi, Mombasa, Kisumu na Nakuru. Jiji hilo jipya lina uwanja wa ndege wa kimataifa, hospitali ya rufaa, vyuo vikuu na nyumba nyingi za ghorofa zilizojengwa kwa pesa za wanariadha. Rekodi asilia za wasichana wa Kapkatet ziko Makhanda, Afrika Kusini, katika maktaba ile aliyoianzisha Tracey, na anayetaka kumsikia Chemirocha akiwa Eldoret humtafuta kwenye simu yake.